Kanumba wa Shinyanga: Mtu Aliyeujua Umati

Steven Charles Kanumba alizaliwa Shinyanga Januari 8, 1984, wakati ambapo Tanzania Bara haikuwa na kituo hata kimoja cha televisheni. Wazanzibari walikuwa na televisheni yao, tena ya rangi, tangu miaka ya 1970. Bara tulisubiri hadi 1994, ITV ilipoanza kurusha matangazo. Mtoto wa Shinyanga wa miaka ile alikuwa na redio, ambako Pwagu na Pwaguzi walivunja mbavu za nchi nzima. Alikuwa na kwaya na maigizo ya kanisani. Na alikuwa na ngoma.

Ngoma za Usukuma zinahitaji kuelezwa kidogo, kwa sababu bila kuzielewa ni vigumu kuielewa kazi ya mtu huyu. Mavuno yakishaingia ghalani, makundi ya Bagika na Bagalu hukutana uwanjani kushindana, na ushindani huo una historia ya zaidi ya miaka mia moja. Makundi mawili hucheza kwa wakati mmoja, kila moja upande wake. Umati ndio unaoamua, tena unaamua kwa miguu: unahamia kule kunakovutia zaidi, na upande uliobaki mtupu umeshindwa. Kwa hiyo manju, yaani kiongozi wa ngoma, hutafuta kila mbinu. Mmoja anacheza na chatu shingoni, mwingine analeta fisi, mwingine anachonga sanamu za mbao zinazochezeshwa kwa kamba. Wimbo mzuri peke yake hautoshi. Lazima mtu aliyesimama upande wa pili ageuke, aache alichokuwa anakitazama, aje kwako.

Njia ya Kanumba ilianzia kwenye maigizo ya kanisani katika miaka ya 1990, lakini kanuni aliyoiishi hadi mwisho ni hiyo hiyo ya uwanja wa Usukuma. Nimezitazama filamu zake nyingi, nyingine zaidi ya mara moja, na ninaamini kwamba hakuna msanii wa filamu wa kizazi chake aliyekuwa na hisia kali ya umati kama yeye. Alijua watu wamesimama wapi, na alijua kitakachowafanya wageuke.

Alisoma Shule ya Msingi Bugoyi, Shinyanga mjini, kisha akaingia Sekondari ya Mwadui. Mwadui si mahali pa kawaida. Ni mji uliozaliwa na almasi aliyoigundua John Williamson, mjiolojia kutoka Kanada, mwaka 1940. Mgodi wake ukawa na jina linalojulikana hadi London, kwa sababu almasi moja ya rangi ya waridi iliyotoka hapo alipewa binti mfalme Elizabeth wakati wa harusi yake mwaka 1947. Kijana aliyesoma pale alikuwa akiona kwa macho yake tofauti kati ya nyumba za mgodini zenye umeme na maji na vijiji vya nje ya uzio. Baadaye, Kanumba alipokuwa akijaza filamu zake majumba ya kifahari na magari, wakosoaji wa Dar es Salaam walimwona mshamba anayeota. Sisi wa Geita na ukanda huu wa migodi tuliona kitu tofauti. Utajiri ulio upande wa pili wa uzio ni kitu tunachokijua vizuri sana.

Kutoka Mwadui alihamia Dar es Salaam, akamalizia kidato cha nne Dar Christian Seminary na kuendelea na kidato cha tano na sita Jitegemee. Mwaka 2002 akajiunga na kundi la Kaole Sanaa.

Kaole ilikuwa chuo bila vyeti. Mle ndani mlikuwa na wakongwe kama Mzee Jengua na Swebe, na vijana kama Vincent Kigosi, yaani Ray, na Blandina Chagula, ambaye hadi leo watu wanamwita Johari. Michezo yao ya kila wiki ITV ilisimamisha mitaa. Nyumba moja yenye televisheni ilibeba majirani wa nyumba kumi; watoto walikaa chini kwenye mkeka, watu wazima nyuma yao, na waliochelewa wakachungulia dirishani. Kanumba alionekana kwenye michezo kama Jahazi na Dira, na hapo ndipo sura yake ilipoanza kujulikana: kijana mrefu, mtanashati, anayezungumza taratibu akivuta maneno, na mwenye uwezo wa kulia mbele ya kamera machozi ya kweli yakashuka. Uwezo huo wa kulia ulidhihakiwa sana. Mimi nauheshimu. Wanaume wa kwetu wamelelewa kutolia, na hapa alisimama mwanamume Msukuma mbele ya nchi nzima akalia kwa ajili ya mke, mtoto au rafiki, na wanaume waliomtazama wakanyamaza kimya.

Filamu ilikuwepo nchini kabla yao. Wakati wa mkoloni, kati ya 1935 na 1937, Waingereza walitengeneza filamu 35 za mafunzo kule Vugiri, Tanga, na kuzizungusha kwa gari kwenye makoloni yao ya Afrika Mashariki. Serikali ya Mwalimu Nyerere ikaunda Kampuni ya Filamu Tanzania mwaka 1968. Baadaye zikatoka kazi za kujivunia kama Arusi ya Mariamu ya mwaka 1985, ya Nangayoma Ng'oge na Ron Mulvihill, na Maangamizi ya mwaka 2001, ambayo Martin Mhando aliiongoza pamoja na huyo huyo Mulvihill. Lakini filamu za mkanda zilikuwa ghali mno, zilichukua miaka kukamilika, na zikikamilika zilisafiri zaidi kwenye matamasha ya ng'ambo kuliko kufika Kahama au Sengerema. Mtu wa Katoro, huku Geita, hakuwahi kuziona.

Kilichobadilisha mambo kilitoka Nigeria. Mwaka 1992 Living in Bondage, filamu iliyorekodiwa kwa kamera ya video na kuuzwa kwenye kaseti za VHS, iliwaonyesha Waafrika kwamba hakuna haja ya kusubiri mfadhili wa Ulaya. Miaka kumi baadaye kanda za Kinigeria zilikuwa zimejaa Kariakoo. Mwaka 2003 George Tyson, mwongozaji aliyetokea Kenya, akatoa Girlfriend, akiwatumia wanamuziki wa Bongo Fleva akiwemo TID. Ikauzika vizuri. Vijana wa Kaole wakaona mlango umefunguka, wakaanza kutoka kwenye televisheni mmoja mmoja na kuingia kwenye video. Watu wakaipa biashara hiyo jina la Bongo Muvi.

Wengi waliingia mlango huo. Kanumba alifanya jambo ambalo wengine hawakulifikiria: badala ya kuwaiga Wanigeria akiwa Sinza, Dar es Salaam, aliwafuata. Mwaka 2006 alikwenda Nigeria, na matokeo yake yakawa Dar to Lagos, chini ya kampuni ya Game 1st Quality ya Mtitu Game, ikiongozwa na Mnigeria Femi Ogedegbe, na Mercy Johnson akiwa miongoni mwa wasanii. Siku hizi msanii kushirikiana na mwenzake wa nchi nyingine ni habari ya kawaida. Wakati ule ilikuwa kishindo. Mtazamaji wa Tanzania alikuwa amezoea kuwaona Wanigeria kama nyota wa mbali. Ghafla kijana wa Shinyanga amesimama nao kwenye picha moja, na hakuonekana mdogo kwao. Baada ya hapo umati wote ulikuwa umegeukia upande wake.

Kati ya 2007 na 2011 alifanya kazi kwa kasi ya kutisha. A Point of No Return ilimtoa Wema Sepetu, Miss Tanzania wa 2006, kwenye jukwaa la urembo na kumwingiza kwenye filamu. Oprah, ya mwaka 2008, ilimkutanisha na Ray na kumtambulisha Irene Uwoya kwa watazamaji. Zikafuata Red Valentine, Village Pastor, Young Billionaire, Uncle JJ, This Is It na nyingine ambazo ukizitaja zote utajaza ukurasa. Alicheza, aliandika, aliongoza, kisha akaanzisha kampuni yake, Kanumba The Great Film. Majina ya filamu yalikuwa ya Kiingereza, maneno ndani yake Kiswahili, na kila moja iliuzwa sehemu ya kwanza na ya pili ili mnunuzi alipe mara mbili.

Upande wa pili wa uwanja alisimama Ray. Kanumba alijiita The Great. Ray akajiita The Greatest, na pamoja na Johari akawa na kampuni yao ya RJ. Mashabiki waligawanyika kama wanavyogawanyika Simba na Yanga, mpaka kwenye vituo vya bodaboda. Magazeti ya udaku yalikula vizuri kwenye ushindani huo. Lakini kwa mtu aliyekulia Usukuma, hawa walikuwa Bagika na Bagalu waliohamia Kinondoni: bila Ray, Kanumba asingekimbia kasi ile, na bila Kanumba, Ray angekuwa na usingizi mrefu zaidi.

Kama mwongozaji, sifa yake kubwa kwangu iko kwenye watoto. Katika filamu kama Uncle JJ na This Is It aliwapa watoto nafasi ya kuibeba hadithi, akawaacha wabishane na watu wazima, waseme utani wao wenyewe, waudhi. Kabla ya hapo mtoto kwenye maigizo yetu alikuwa wa kutumwa maji na kusalimia wageni. Kanumba alikaa chini usawa wa macho yao, na kamera ikashuka pamoja naye. Kwenye matukio hayo pia anaacha kuvuta maneno na kuigiza ukubwa. Anakuwa mjomba tu, anayehangaika. Nikiambiwa nichague filamu za kumwonyesha kijana anayetaka kujifunza kazi hii, nitaanzia hapo, niyaache majumba ya kifahari.

Sasa nije huku kwetu. Geita ya miaka ile ilikuwa inafumuka. Mgodi wa zamani wa dhahabu wa mkoloni uliofungwa mwaka 1966 ulikuwa umebaki magofu. Mwaka 2000 mgodi mpya wa Geita Gold Mine (GGM) ukaanza kuzalisha, na mwaka uliofuata ukazinduliwa ule wa Bulyanhulu upande wa Kahama. Pembeni ya migodi hiyo maelfu ya wachimbaji wadogo walijazana Nyarugusu, Rwamgasa, Mgusu na kwingineko. Vijana waliotoka Kigoma, Tabora, Mara na Kagera, mbali na wazazi na wake zao, jioni wanatoka kwenye duara, yaani shimo la kuchimba, wakiwa wekundu kwa vumbi, na hawana pa kwenda isipokuwa kwenye pombe au kwenye video.

Kibanda cha video cha machimboni kilijengwa kwa miti na maturubai, mabenchi ya mbao za mabanzi, televisheni moja juu ya meza iliyofungwa kwa minyororo, na jenereta nje likinguruma kiasi kwamba spika lazima zifunguliwe hadi mwisho. Mlangoni kipande cha ubao kimeandikwa kwa chaki filamu za siku hiyo. Mchana zilipita filamu za ngumi na za vita, nyingi zikiwa na sauti ya mtafsiri iliyopachikwa juu, kazi ambayo Kapteni Derek Mukandala, maarufu kwa jina la Lufufu, aliigeuza kuwa sanaa. Usiku ilikuwa zamu ya Bongo Muvi, na hapo mama lishe na wauza nguo nao waliingia. Diski ikikwama kwa mikwaruzo, mwenye kibanda aliitoa, akaipulizia pumzi, akaifuta kwa shati lake kwa kuzunguka kutoka katikati kwenda nje, akairudisha. Watu walisubiri. Hakuna aliyeondoka Kanumba akiwa amekwama katikati ya sentensi.

Filamu hizo zilitoka Kariakoo kwa basi, zikavuka Busisi kwa kivuko au zikapitia Kahama na Ushirombo, na mara nyingi nakala ya wizi ilifika kabla ya ile halali. Mnadani Katoro ulikuwa unapata diski moja yenye filamu ishirini, jalada lake lina sura ya Kanumba mara tatu, akiwa na suti tofauti. Kila diski ya namna hiyo ilikuwa wizi. Lakini ni hiyo pia iliyolifikisha jina lake kwenye mashimo ambako hakuna wakala wa msambazaji aliyewahi kukanyaga. Msanii alipendwa na watu ambao hawajawahi kumlipa hata senti.

Kuna jambo moja ninalolishikilia dhidi ya filamu za wakati ule, na heshima yangu kwa Kanumba hainizuii kulisema. Living in Bondage ilikuwa hadithi ya mtu anayemtoa mkewe kafara ili atajirike, na mkondo huo wa utajiri wa nguvu za giza ulitiririka hadi kwetu. Kanumba mwenyewe aliugusa, na Devil Kingdom ya mwaka 2011, aliyoicheza na nyota wa Nigeria Ramsey Nouah, iko kwenye mkondo huo. Dar es Salaam hiyo ilikuwa burudani ya kutisha. Kanda ya Ziwa mambo yalikuwa mengine. Kuanzia 2007 ndugu zetu wenye ualbino walikuwa wakiwindwa na kuuawa Mwanza, Shinyanga na huku, kwa sababu waganga matapeli waliwaaminisha wachimbaji na wavuvi kwamba viungo vyao vinaleta bahati. Septemba 2009 Mahakama Kuu ikiwa Kahama iliwahukumu kifo watu watatu kwa kumuua mvulana mwenye ualbino wa Bukombe. Sidai kwamba filamu ziliwatuma. Wauaji walikuwa na waganga wao na tamaa yao. Ila mtazamaji anayeonyeshwa kila wiki kwamba nyuma ya kila jumba kuna kafara, hata kama mwishoni mwovu anaangamia, anabaki na nusu ya kwanza ya somo. Mtu mwenye uwezo wa kuugeuza umati kama Kanumba angeweza kuisema kweli nyingine kuhusu utajiri, na katika hadithi zake za familia aliisema.

Mwaka 2009 alialikwa kwenye jumba la Big Brother Africa, Afrika Kusini, na aliporudi alichekwa kwa Kiingereza chake. Wengi waliocheka walikuwa wanatazama filamu zake kwa Kiswahili chake. Hakurudi nyuma; miaka miwili baadaye Ramsey Nouah alikuwa Tanzania akifanya kazi naye.

Nyuma ya majalada yale ya kung'aa, hesabu zilikuwa ngumu. Utaratibu uliotawala Bongo Muvi ulikuwa wa kuuza haki jumla. Mtayarishaji anakopa, anapiga picha kwa wiki mbili au tatu kwenye nyumba ya kukodi, anahariri, kisha anaibeba kazi kwa msambazaji Kariakoo na kupokea fedha ya mara moja. Filamu ikiuza nakala elfu au laki moja, malipo ni yale yale. Hii ndiyo sababu ya kasi ya kutisha niliyoitaja: msanii asiye na mapato yanayoendelea lazima apige filamu nyingine, haraka, kabla ya fedha ya kwanza kuisha. Tunailaumu Bongo Muvi kwa haraka zake, hadithi zinazofanana na sauti mbovu, bila kutazama mkataba uliozizaa. Mchimbaji mdogo wa Nyarugusu anayeuza mawe yake kwa bei ya shimoni, bila kujua karasha la kusaga mawe litatoa gramu ngapi, angeuelewa mkataba huo mara moja.

Machi 2012 serikali ilitangaza rasmi Mkoa wa Geita, uliokatwa kutoka Mwanza, Shinyanga na Kagera. Tulikuwa bado tunazoea kuandika anuani mpya ilipotufikia habari ya asubuhi ya Aprili 7, Jumamosi ya kabla ya Pasaka. Kanumba alikuwa amefariki usiku nyumbani kwake Sinza, Dar es Salaam, akiwa na miaka 28. Msanii mwenzake Elizabeth Michael, maarufu kama Lulu, alishitakiwa kwa kifo hicho. Kesi ilikwenda miaka mitano, na Novemba 2017 Mahakama Kuu ilimtia hatiani kwa kuua bila kukusudia na kumpa kifungo cha miaka miwili. Mei mwaka uliofuata alitoka kumalizia adhabu kwa kazi za kijamii. Mahakama imemaliza kazi yake, na sina la kuongeza.

Aliagwa Aprili 10 viwanja vya Leaders Club na kuzikwa makaburi ya Kinondoni. Makamu wa Rais wa wakati huo, Mohamed Gharib Bilal, alikuwepo, na mke wa Rais wa wakati huo, mama Salma Kikwete. Lakini habari ilikuwa ni umati. Makumi ya maelfu walijaa viwanjani na barabarani, watu wakazimia kwa msongamano na kwa huzuni, polisi wakazidiwa, na utaratibu wa kupita mbele ya jeneza ukashindikana. Hakuna msanii wa nchi hii aliyekuwa amezikwa namna ile. Viongozi wa serikali ambao kwa miaka kumi waliiona Bongo Muvi kama mchezo wa vijana walisimama pale wakahesabu vichwa.

Na hesabu ile ilizaa mambo. Mwaka 2013 stempu za kodi zikaanza kubandikwa kwenye diski za muziki na filamu, ili nakala halali ijulikane. Ndoa Yangu na Love and Power, kazi zake za mwisho, ziliingia sokoni yeye akiwa kaburini, zikagombewa. Lakini stempu ilikuja wakati diski yenyewe inaanza kufa. Aprili 2017 wasanii waliandamana Kariakoo kupinga filamu za nje zinazouzwa bila kibali wala kodi. Kufikia hapo vijana wa Geita walikuwa tayari wanarushiwa filamu kwenye memori kadi za simu dukani kwa mtu wa kuchaji. Biashara ikahamia kwenye ving'amuzi, Azam na DStv wakawa na chaneli za filamu za Kiswahili. Kisha Vuta N'kuvute ya Amil Shivji ikazunguka matamasha ya dunia kuanzia 2021, na Binti ikaingia Netflix mwaka uliofuata. Waongozaji hawa wapya ni mafundi kuliko alivyokuwa Kanumba, na ninafurahi kulisema. Bado sijaona miongoni mwao anayeweza kuwasimamisha wachimbaji mia moja usiku Rwamgasa mbele ya televisheni iliyokwama.

Kazi zake leo ziko mtandaoni, zimekatwa vipande, zimepakiwa na watu wa kila namna, na matangazo yanayopita juu yake yanamlipa aliyepakia. Hapo ndipo ningependa wanasheria na wizara inayohusika na sanaa waangalie kwa ukaribu. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 inailinda kazi ya picha na sauti kwa miaka 50. Dar to Lagos itakuwa ndani ya ulinzi huo hata baada ya 2050, na filamu alizozitoa kwa kampuni yake mwenyewe hadi baada ya 2060. Mikataba aliyoisaini iko kwenye makabati ya watu wanaojulikana. Ifunguliwe, isomwe moja moja, ijulikane ni haki zipi aliziuza na zipi zilibaki kuwa zake, na zile zilizobaki kuwa zake warudishiwe warithi wake.